Pwani Iliyotupatia Augustino: Karthago, Hippo na Kanisa la Kale la Afrika



Kila padri anapochagua Sala ya Ekaristi ya Kwanza, tunasikia orodha ndefu ya majina ya watakatifu. Katika sehemu ya kwanza yumo Sipriani. Katika sehemu ya pili wamo Felisita na Perpetua. Kwa kuwa sala hiyo huitwa pia Kanuni ya Kirumi, waamini wengi hudhani kwamba hao nao walikuwa watu wa Roma. Sivyo. Wote watatu waliifia imani Afrika, katika mji wa Karthago, ambao magofu yake yapo leo pembeni ya jiji la Tunis, nchini Tunisia.

Katika makala hii tunataka kuitazama pwani hiyo ya Bahari ya Mediterania: watu wake walikuwa nani, walizungumza lugha gani, imani iliwafikiaje, na ilikuwaje Kanisa lenye mamia ya maaskofu likazimika kama taa iliyoishiwa mafuta. Swali hili la mwisho linamhusu kila anayejiandaa kuwa mchungaji. Kanisa ni la kudumu, lakini hakuna Kanisa mahalia lililoahidiwa kwamba litabaki daima mahali lilipo.

Nchi na wenyeji wake

Tunazungumzia ukanda wa ardhi yenye rutuba kati ya bahari na milima ya Atlas, ambao leo ni Tunisia, mashariki ya Algeria na sehemu ya Libya. Wenyeji wake tangu kale ni Waamazigh, ambao wageni waliwaita Walibya, Wanumidia, Wamauri na baadaye Waberberi. Walikuwa wafugaji na wakulima, wenye wafalme wao na lugha yao yenye maandishi yake.

Kisha wakaja Wafoinike, mabaharia kutoka Tiro, mji ule ule tunaousoma katika Biblia. Kwa mapokeo inasemwa kwamba waliianzisha Karthago mwaka 814 K.K. Waliuita Qart Hadasht, yaani "mji mpya". Lugha yao, Kipuniki, ilikuwa ndugu wa karibu wa Kiebrania. Hata neno letu "hadithi", lililotufikia kupitia Kiarabu, lina mzizi mmoja na hilo Hadasht: jambo jipya, habari mpya.

Karthago ikawa dola ya biashara, ikapambana na Roma kwa zaidi ya miaka 100, na mwaka 146 K.K. Warumi wakaiteketeza. Nchi iliyoizunguka wakaifanya mkoa wao, wakauita Africa. Ndiyo kusema jina hili, ambalo leo linabeba bara zima kutoka Tunis hadi Rasi ya Tumaini Jema, lilianza kama jina la kipande kile kidogo cha pwani. Sisi sote tunaojiita Waafrika tumerithi jina lao.

Baadaye Warumi waliijenga upya Karthago, ikawa miongoni mwa miji mikubwa kabisa ya dola. Ngano na mafuta ya zeituni ya Afrika yaliilisha Roma. Mwaka 193 B.K. Septimius Severus, mzaliwa wa Leptis Magna katika Libya ya leo, akawa kaisari. Hivyo Mwafrika wa pwani hii aliketi katika kiti cha enzi cha Roma.

Lakini chini ya vazi hilo la Kirumi lugha ziliendelea kuwa tatu. Kilatini kilikuwa lugha ya mahakama, shule na jeshi. Kipuniki kilisikika mashambani na katika miji mingi. Lugha ya wenyeji ilibaki milimani na vijijini. Huko Dougga, Tunisia, kulikuwa na kaburi la fahari lenye maandishi ya lugha mbili, Kipuniki na Kilibya, yaliyochongwa kabla ya Warumi kuitawala nchi. Maandishi hayo yaling'olewa mwaka 1842 na leo yapo katika Makumbusho ya Uingereza, London. Ndiyo yaliyowasaidia wataalamu kuanza kuzisoma herufi za kale za Waamazigh.

Kanisa lililozaliwa katika ushuhuda

Hatujui ni nani aliyeileta Injili pwani hii. Habari ya kwanza yenye tarehe ni ya kesi mahakamani. Tarehe 17 Julai mwaka 180, Wakristo 12 wa mahali paitwapo Scili, wanaume na wanawake, walihukumiwa kifo huko Karthago. Mmoja wao, Speratus, alipoulizwa alichobeba, alijibu kwamba ni vitabu na barua za Paulo. Kumbukumbu ya kesi hiyo ndiyo maandishi ya Kikristo ya Kilatini ya kale kuliko yote yenye tarehe. Ni vema tukumbuke kwamba wakati huo Kanisa la Roma lenyewe bado lilikuwa likitumia sana Kigiriki. Kanisa la Kilatini lilijifunza kusema, kwa sehemu kubwa, kwenye ardhi ya Afrika.

Tarehe 7 Machi mwaka 203, chini ya utawala wa Septimius Severus yule yule, waliuawa Perpetua, mwanamke wa miaka kama 22 aliyekuwa akinyonyesha, na Felisita, mtumwa aliyejifungua akiwa gerezani. Bibi na mtumwa waliingia uwanjani pamoja. Perpetua aliandika mwenyewe habari za kifungo chake, na maandishi yake ni miongoni mwa ya kale kabisa ya mwanamke Mkristo yaliyotufikia.

Miaka hiyo hiyo Tertuliani aliandika vitabu vyake huko Karthago. Ndiye mwandishi wa kwanza tunayemjua kutumia neno la Kilatini "trinitas" kwa Mungu, neno ambalo sisi tunalisema Utatu. Baadaye alijiunga na kundi la Montano, na kwa sababu hiyo hahesabiwi kuwa mtakatifu, ingawa kila mwanafunzi wa teolojia hukutana naye. Sipriani, askofu wa Karthago, alikatwa kichwa tarehe 14 Septemba 258, baada ya kuliongoza Kanisa katika dhuluma na katika tauni. Mapapa watatu wa kale, Viktori wa Kwanza, Miltiades na Gelasio wa Kwanza, wanatajwa kuwa wa asili ya Afrika. Na ni mitaguso ya Hippo ya mwaka 393 na Karthago ya mwaka 397 iliyoorodhesha vitabu vya Biblia kwa namna tunayoifuata Wakatoliki hata leo.

Augustino na lugha za watu wake

Augustino alizaliwa Thagaste tarehe 13 Novemba 354. Mji huo leo unaitwa Souk Ahras, nchini Algeria. Jina la mama yake, Monika, wataalamu wengi wanaliona kuwa la asili ya wenyeji, wala si la Kirumi. Alisoma Madauros na Karthago, akafundisha Roma na Milano, akabatizwa na Ambrosi usiku wa Pasaka mwaka 387, akarudi nyumbani. Huko Hippo, mji wa bandari ambao leo ni Annaba, alipewa upadri mwaka 391 na baadaye uaskofu.

Mara nyingi huchorwa kama mzee wa Ulaya. Yeye mwenyewe anatusimulia kwamba kule Italia watu waliyasahihisha matamshi yake ya Kilatini, maana lafudhi yake ilikuwa ya nyumbani. Na alipokuwa kijana, mwalimu mmoja wa Madauros, mpagani, alipoyadhihaki majina ya Kipuniki ya wafiadini, Augustino alimjibu kwa ukali: wewe ni Mwafrika unayewaandikia Waafrika, nasi sote tuko Afrika, kwa nini unaionea aibu lugha ya nchi yako? Hayo si maneno yake neno kwa neno, lakini ndiyo maana ya jibu lake.

Anatupa pia picha ya wakulima wa jirani na Hippo. Walipoulizwa wao ni nani, walijibu kwa Kipuniki kwamba ni Wakanaani. Fikirini: zaidi ya miaka 500 baada ya Karthago kuanguka, mkulima wa Algeria bado alikumbuka kwamba wazee wake walitoka nchi ya Tiro na Sidoni. Askofu Valeri, aliyemtangulia Augustino, alikuwa Mgiriki. Siku moja aliwasikia wakulima wakitamka neno "salus", ambalo kwa Kilatini ni wokovu. Akauliza maana yake kwa Kipuniki, akaambiwa ni "tatu". Alifurahi sana kuona wokovu na Utatu vikikutana katika neno moja. Mzizi wa neno hilo ndio ule ule uliotupatia sisi "thelathini" na "thuluthi".

Kwa wahubiri, Augustino ana fundisho moja ambalo kila mseminari angepaswa kulishika. Kwa Kilatini fasaha neno la "mfupa" na neno la "mdomo" yalitofautiana kwa urefu wa irabu tu, na masikio ya Waafrika hayakuutambua urefu huo. Basi Augustino alisema mhubiri asiogope kutumia neno la mitaani ambalo wenye elimu wanalicheka, mradi watu waelewe. Afadhali kulaumiwa na walimu wa sarufi kuliko watu kutoka kanisani bila kuelewa.

Lakini hapo hapo tunauona udhaifu wa Kanisa lile. Fussala kilikuwa kijiji cha wilaya ya Hippo, umbali wa maili 40 hivi, na watu wake walihitaji askofu anayejua Kipuniki. Augustino alimpata padri mmoja anayefaa. Askofu mkuu wa kumweka wakfu alipokwisha kufika kutoka mbali, padri yule akakataa. Kwa haraka Augustino akamtoa Antonini, kijana wa monasteri yake ambaye alikuwa bado msomaji tu, kwa kuwa alijua lugha hiyo. Antonini akageuka mnyang'anyi wa watu wake. Augustino alimwandikia Papa Selestini kwa uchungu mkubwa, akikiri kwamba kosa la haraka lilikuwa lake na kwamba alifikiria hata kuuacha uaskofu.

Tukio hilo linasema mengi. Katika Kanisa lenye mamia ya maaskofu, kumpata mchungaji mmoja aliyekomaa na anayeongea lugha ya wanakijiji lilikuwa jambo gumu.

Mpasuko

Jeraha kubwa zaidi lilitoka ndani. Katika dhuluma ya Kaisari Diokletiani, kuanzia mwaka 303, viongozi wengine wa Kanisa waliyatoa Maandiko Matakatifu yachomwe moto ili kuokoa maisha yao. Amani iliporudi, Sesiliani alichaguliwa kuwa askofu wa Karthago, na wapinzani wake walidai kwamba mmoja wa waliomweka wakfu alikuwa msaliti wa namna hiyo. Wakamweka askofu wao, na baada yake Donato, ambaye jina lake likabaki kwa kundi zima.

Hawakutofautiana juu ya Utatu wala Ekaristi. Waliuliza: je, sakramenti iliyotolewa na mtumishi asiyestahili ni sakramenti? Wadonato walisema hapana. Kanisa Katoliki, kwa kinywa cha Augustino hasa, lilijibu kwamba anayebatiza ni Kristo, hata kama mkono wa mtumishi ni mchafu. Jibu hilo tunaliishi hadi leo.

Lakini kwa miaka 100 karibu kila mji wa Afrika ulikuwa na maaskofu wawili na altare mbili. Mwaka 411 pande zote mbili zilikutana Karthago mbele ya mwakilishi wa kaisari, zaidi ya maaskofu 550 kwa jumla. Wadonato walishindwa, na sheria za serikali zikawabana kwa faini na kunyang'anywa makanisa. Augustino, ambaye hapo mwanzo alitaka hoja tu, alikuja kuukubali ulazimishaji huo. Ni jambo la kulitafakari kwa unyenyekevu: mpasuko ulifungwa kwa nguvu za dola, na dola yenyewe ilikuwa karibu kuanguka.

Taa inafifia

Mwaka 429 Wavandali walivuka kutoka Hispania. Augustino alifariki tarehe 28 Agosti 430, mji wake ukiwa umezingirwa. Karthago ilianguka mwaka 439. Wavandali walikuwa Waario. Waliwafukuza maaskofu na kuyachukua makanisa, hadi jeshi la Konstantinopoli liliporudi mwaka 533. Kisha wakaja Waarabu Waislamu. Walianzisha mji wa Kairouan mwaka 670, na mwaka 698 Karthago ikaanguka mara ya mwisho.

Wakristo hawakutoweka siku moja. Waliishi chini ya watawala wapya kwa karne nyingi, wakizidi kupungua. Mwaka 1053 Papa Leo wa Tisa aliandika kwamba maaskofu wa Afrika walikuwa wamebaki watano. Mwaka 1073 Papa Gregori wa Saba aliwakemea Wakristo wa Karthago kwa kumshtaki askofu wao wenyewe, Siriaki, mbele ya mtawala. Na mwaka 1076 alisikitika kwamba katika Afrika yote hawakupatikana maaskofu watatu wa kumweka wakfu mwenzao. Katika karne ya 12, chini ya watawala Waalmohadi, jumuiya za wenyeji zilikoma.

Kwa nini? Wanahistoria hawakubaliani, nasi tusijifanye kuwa na jibu moja. Walitaja vita, ugomvi wa ndani, kuhama kwa matajiri na mapadri kwenda Italia, na uzito wa kodi. Lakini wengi wao wanaonyesha jambo moja tukilinganisha na Misri. Huko, Wakristo walikuwa na Biblia na liturujia kwa Kikopti, lugha ya mkulima wa mto Nile, na monasteri zilizoota mizizi vijijini. Kanisa lao lipo hadi leo. Kwenye pwani ya Karthago, liturujia na Maandiko yalikuwa kwa Kilatini. Hakuna Biblia ya Kipuniki wala ya Kiamazigh ya zama hizo iliyotufikia. Pale Kilatini kilipopoteza shule na mahakama, imani nayo ilipoteza nyumba yake.

Kilichobaki

Utambulisho wa pwani haukufutika, ulipangana tabaka juu ya tabaka. Katika karne ya 12 mwanajiografia Mwislamu al-Idrisi aliandika kwamba watu wengi wa Gafsa, kusini mwa Tunisia, bado walizungumza lugha ya Kilatini cha Kiafrika. Msikiti mkuu wa Kairouan umejengwa kwa nguzo nyingi zilizotolewa kwenye majengo ya Kirumi na ya Kibizanti. Kiamazigh, lugha iliyodharauliwa na kila mtawala, kimewapita wote umri: Moroko iliitambua kuwa lugha rasmi mwaka 2011, na Algeria mwaka 2016. Mwaka 2020 Algeria, Mauritania, Moroko na Tunisia ziliungana kuiandikisha UNESCO chakula chao cha pamoja, kuskusi, chenye asili kwa Waamazigh.

Basi mtu wa Tunis au Annaba leo ni nani? Mwarabu? Mwamazigh? Mjukuu wa Wafoinike na Warumi? Jibu la kweli ni kwamba ni vyote kwa pamoja. Sisi wazungumzaji wa Kiswahili, ambao lugha yetu ya Kibantu imepokea maneno ya Waarabu, Waajemi, Wareno na Wahindi, hatuna haja ya kushangaa.

Kutoka Algiers hadi kwetu

Pwani hiyo ina deni letu la moja kwa moja. Mwaka 1868 Charles Lavigerie, Askofu Mkuu wa Algiers, alianzisha Shirika la Wamisionari wa Afrika. Aliwavika kanzu nyeupe na joho la burnusi, mavazi ya wenyeji wa Algeria, na rozari shingoni. Ndiyo sababu tuliwaita Mapadri Weupe: jina lilitokana na kanzu. Aliwaagiza wajifunze lugha ya watu na kula chakula chao. Mwaka 1878 msafara wa kwanza uliondoka Algiers, ukapitia Bagamoyo kuelekea maziwa makuu. Mwezi Februari 1879 Padri Simeon Lourdel, ambaye Waganda walimwita Mapeera, alifika Uganda. Mwaka 1885 wenzake waliichukua Karema, kando ya Ziwa Tanganyika. Wengi wetu tulibatizwa katika parokia zilizoanzishwa na msafara huo au na waliofuata.

Na Kanisa limerudi kwenye pwani ile, ingawa ni dogo sana. Juu ya kilima cha Annaba, ukitazama magofu ya Hippo, liko Basilika la Mtakatifu Augustino lililokamilika mwaka 1900. Tarehe 8 Desemba 2018, huko Oran, walitangazwa wenyeheri wafiadini 19 wa Algeria waliouawa kati ya mwaka 1994 na 1996, wakiwemo watawa saba wa Tibhirine na Mapadri Weupe wanne wa Tizi Ouzou. Askofu Pierre Claverie wa Oran aliuawa pamoja na kijana Mwislamu, dereva na rafiki yake, Mohamed Bouchikhi. Damu yao ilichanganyika sakafuni.

Tunakumbuka hapo kwamba Gregori wa Saba, katika mwaka ule ule wa huzuni wa 1076, alimwandikia al-Nasir, mtawala Mwislamu wa Algeria, barua ya heshima akisema kwamba wote wawili wanamsadiki Mungu mmoja, ingawa kwa namna tofauti. Mtaguso wa Pili wa Vatikano uliirejea barua hiyo katika tamko la Nostra Aetate la mwaka 1965.

Tujifunze nini?

Kwanza, tusihesabu uhai wa Kanisa kwa wingi wa maaskofu na ukubwa wa majengo. Afrika ile ilikuwa na vyote viwili.

Pili, mseminari aipende lugha ya watu atakaotumwa kwao, siyo Kiswahili tu bali hata ile ya kijijini ambayo haina kitabu. Bibi anayesali kwa lugha yake hana imani ndogo kuliko mwanateolojia. Na anayejua lugha bado anahitaji kukomaa, maana Fussala haikuteswa na mgeni bali na kijana wa nyumbani aliyepewa madaraka mapema.

Tatu, tuogope mipasuko midogo. Altare mbili katika mji mmoja huanza na maneno ya chini chini katika jumuiya moja: fulani hafai, fulani si wa kwetu.

Nne, tuwaombee ndugu zetu wachache wa Tunisia, Algeria na Libya, ambao huadhimisha Misa wakiwa watu kumi au ishirini, mahali ambapo zamani basilika zilijaa. Wao ndio walinzi wa kaburi na wa tumaini. Mtakatifu Augustino na Mtakatifu Monika, watoto wa pwani ile, watuombee.